Bahari Tuliyopewa Bila Kuulizwa

Mwaka 1856 Unyamwezi ilipewa bahari. Haikuiomba, wala haikujua kwamba imepewa. Ramani ilichapishwa Gotha, Ujerumani, katika jarida la mwanajiografia August Petermann, na katikati yake, mahali ambapo ramani nyingine za wakati ule ziliacha nafasi tupu, palichorwa maji mamoja makubwa yanayokaribia ukubwa wa Bahari ya Kaspi. Yalianza karibu na ikweta, yakateremka kusini hadi ng'ambo ya nchi ya Wanyasa, na umbo lake lilifanana na koa mnene aliyejilaza juu ya tumbo la Afrika. Yaliitwa Bahari ya Uniamesi. Uniamesi ni Unyamwezi, kama sikio la Mjerumani lilivyolipokea neno hilo pwani.

Kila mwaka ninapofundisha mbinu za utafiti huanza na ramani hii. Wanafunzi hucheka. Mmoja aliwahi kusema kwamba inafanana na zile bahari za michezo ya kompyuta, zenye mazimwi chini na visiwa vinavyotembea. Mimi huwaacha wacheke, kisha huwauliza swali moja: nani alidanganya? Hapo darasa hunyamaza, kwa kuwa jibu halipendezi. Hakuna aliyedanganya. Bahari ya uongo kabisa ilipatikana kwa kuunganisha maneno ya watu waliosema kweli.

Naomba msomaji anivumilie nieleze jinsi jambo hilo lilivyotokea, kwani sisi tunaoandika ripoti, tunaojaza fomu na tunaopitisha bajeti katika nchi hii tuna la kujifunza hapo kuliko tunavyodhani.

Waliochora walikuwa wamisionari wawili wa Kijerumani, Jakob Erhardt na Johannes Rebmann, waliotumwa Afrika ya Mashariki na chama cha kimisionari cha Kanisa la Uingereza. Mwaka 1854 Erhardt alikaa miezi kadhaa Tanga. Huko, kama ilivyokuwa Mombasa, aliwahoji watu wa misafara. Waliokuwa wamepanda na njia za kaskazini walimwambia kuwa mwisho wa safari kuna maji makubwa. Waliopitia Bagamoyo na Unyamwezi hadi Ujiji wakamwambia kuwa mwisho wa safari kuna maji makubwa. Waliotoka Kilwa kuelekea magharibi nao wakasema vivyo hivyo: unatembea, unatembea, mwisho unafika kwenye maji ambayo macho hayaoni ng'ambo. Kila mmoja alieleza njia yake, na kila mmoja alikuwa sahihi. Wa kwanza waliisikia au kuiona Nyanza, tunayoiita leo Ziwa Victoria. Wa pili walifika Tanganyika. Wa tatu walifika Nyasa.

Wamisionari wakatafakari. Ikiwa njia tatu zinazoachana kila moja inaishia majini, je, si maji yaleyale? Wakaunganisha miisho mitatu ya safari kwa mstari mmoja, wakapaka rangi ndani ya mstari. Lugha nayo iliwasaidia kukosea. Neno nyasa, neno nyanza na neno ziwa yote ni maneno ya watu mbalimbali kwa kitu kimoja, yaani maji mengi yaliyotulia. Mtu asiyejua hivyo akisikia Nyasa huku na Nyanza kule, atadhani ni jina moja la mahali pamoja, limepindishwa na midomo tofauti.

Tuwatendee haki. Watu hawa walifanya jambo ambalo wasomi wengi wa Ulaya wa siku zile hawakulifanya: waliwauliza Waafrika. Kule London alikuwapo mwanajiografia William Desborough Cooley, ambaye mwaka 1845 alikwisha kuandika juu ya ziwa moja kuu la ndani akiliita N'yassi, naye hakuwahi kuikanyaga nchi hii. Rebmann alipouona mlima Kilimanjaro mwaka 1848 na kuandika kuwa kileleni kuna theluji, Cooley alimbishia akiwa kitini kwake, akasisitiza kwamba haiwezekani. Hapa pana kichekesho ambacho wanafunzi wangu hukipenda. Kitu ambacho Rebmann alikiona kwa macho yake mawili kilikataliwa. Kitu ambacho hakukiona kamwe kilitundikwa ukutani katika Chama cha Kifalme cha Jiografia cha London, watu wakakitazama na kukicheka, lakini hatimaye kikatafutiwa fedha.

Naam, fedha zilipatikana. Serikali ya Uingereza ilichangia pauni 1,000, na maofisa wawili, Richard Burton na John Hanning Speke, wakatumwa kuitafuta bahari hiyo. Waliondoka pwani katikati ya mwaka 1857, wakafuata njia ya misafara, na tarehe 7 Novemba wakaingia Kazeh, yaani Tabora yetu. Huko walipokewa na Snay bin Amir, mfanyabiashara wa Oman wa ukoo wa Al-Harthi, mtu msomaji na mkarimu, ambaye miaka michache kabla alikuwa amesafiri mwenyewe hadi Buganda, kwa Kabaka Suna.

Walimwuliza kuhusu bahari. Burton aliongea naye kwa Kiarabu. Speke, ambaye Kiarabu hakukimudu, alipitia kwa Sidi Mubarak Bombay, Myao aliyeuzwa utumwani hadi India na kujifunza Kihindustani huko. Jibu likaja bila mizunguko: hakuna bahari moja. Yapo maziwa matatu. Moja liko magharibi, Ujiji. Moja liko kusini, Nyasa. Na moja liko kaskazini, upande wa Ukerewe, nalo ndilo kubwa kuliko la Ujiji.

Hivyo ndivyo Bahari ya Unyamwezi ilivyokufa. Haikuuawa na darubini wala na chombo cha kupimia latitudo. Ilikufa barazani Tabora, kwa maneno ya mtu aliyeulizwa na kupewa nafasi ya kueleza yote anayoyajua, kabla Mzungu yeyote kati ya hao wawili hajaona tone la ziwa lolote. Safari zilizofuata, ya Ujiji mwezi Februari 1858 na ile ya Speke kwenda kaskazini mwezi Julai hadi Agosti mwaka huohuo, zilithibitisha tu kile kilichokwisha kusemwa.

Lakini nisilipambe baraza la Kazeh. Lilikuwa baraza la wafanyabiashara ya pembe za ndovu na ya watu. Snay mwenyewe aliuawa baadaye katika vita vya wafanyabiashara hao na Mtemi Mnywa Sele wa Unyanyembe, vita vilivyohusu nani atawale njia na ushuru wake. Na hata siku ile ya maswali, waliokaa kwenye mkeka walikuwa wachache. Nje, uani, walikuwapo wapagazi wa Kinyamwezi ambao walikuwa wamekwenda Ujiji na kurudi, na Karagwe na kurudi, mizigo ikiwa begani. Wao walijua kwa nyayo zao kwamba kutoka ziwa hili hadi lile ni siku nyingi za nchi kavu, kwa sababu walilala katika kila kambi ya nchi kavu hiyo na kuhesabu kila kisima. Lau Erhardt angemketisha pamoja mpagazi mmoja wa njia ya Ujiji na mmoja wa njia ya kaskazini, akawauliza swali rahisi, "je, mnaweza kupanda mtumbwi kwako ukashukia kwake?", bahari ingekauka jioni hiyohiyo pale Tanga.

Hilo ndilo kosa ninalotaka tuliangalie. Wamisionari walikusanya majibu. Hawakuwakutanisha wajibuji. Kila shahidi alihojiwa peke yake, na muunganiko wa ushahidi ukafanyika kichwani mwa mtu ambaye hakuwa ameona chochote kati ya vitu alivyoviunganisha. Kisha muunganiko huo ukapakwa rangi, na rangi haioneshi mahali ambapo ushahidi uliishia na dhana ikaanza.

Najua nitajibiwa kwamba lilikuwa kosa lenye tija. Bila koa yule, safari isingefadhiliwa, na maziwa yasingeingia katika ramani za dunia upesi vile. Ni kweli kwa kiasi fulani. Ila tuulize gharama ilimwangukia nani. Ramani ilipochorwa upya, majina ya waliochora upya yalibaki vitabuni. Waliobeba mizigo hawakubaki, na hata malipo ya baadhi ya watu waliousindikiza msafara ule yalizua ugomvi mkali kati ya Burton na Rigby, balozi mdogo wa Uingereza pale Zanzibar. Tena kosa halikumfundisha kila mtu. Speke, aliyeona mwenyewe jinsi bahari ya karatasi inavyoyeyuka, alirudi na kuchora Milima ya Mwezi kaskazini ya Tanganyika, mahali ambapo hakufika. Alipotangaza kuwa Nyanza ndiyo chimbuko la Nile alikuwa ameona ufuko mmoja tu. Safari hiyo alibahatika kuwa sahihi. Bahati si mbinu ya utafiti.

Sasa nitoke 1858 nije kwetu, maana sikuandika haya ili kuwasema wafu.

Ziba iko wilayani Igunga, mkoani Tabora, katika nchi ya mbuga za udongo mweusi unaoshika magurudumu wakati wa masika na kupasuka mithili ya ngozi kavu wakati wa kiangazi. Watu hulima mpunga kwenye majaruba, hulima pamba na alizeti, hufuga ng'ombe. Kuna jambo la ajabu kuhusu nchi hiyo. Katika bonde la Manonga wataalamu wa visukuku wamechimbua mifupa ya samaki, viboko na tembo iliyokaa ndani ya mashapo ya ziwa la kale, zaidi ya miaka milioni 4 iliyopita. Hivyo maji makubwa yaliwahi kuwapo Unyamwezi, ila yalikwisha kuondoka muda mrefu kabla hajapatikana mtu wa kuyachora. Hata jina lenyewe linanipa fikra. Shina la neno letu ziwa limetapakaa katika lugha za Kibantu hadi kusini kabisa: Mshona husema dziva, Mzulu husema isiziba, na wote humaanisha maji yaliyotuama yenye kina. Kila nikisikia jina la Ziba masikioni mwangu linalia sauti hiyo. Kiangazi, ukiwa hapo, utaona baiskeli zimefungwa madumu ya njano mawili kushoto, mawili kulia na moja nyuma, zikisukumwa alfajiri kuelekea mahali panaposemekana pana maji.

Watu wa nchi hiyo wamechorewa maji mara nyingi. Kabla ya Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia, Wajerumani walipanga kuyatoa maji ya Ziwa Victoria na kuyaleta kusini katika mbuga ya Wembere, jirani kabisa na Ziba, ili kumwagilia mashamba makubwa ya pamba. Pamba hiyo ilikusudiwa viwanda vya Ujerumani. Vita vikaja, mpango ukabaki kwenye karatasi. Kisha mwaka 1929 Uingereza ikabadilishana barua na Misri, ikikubali kwamba bila ridhaa ya Misri hakutakuwa na kazi ya umwagiliaji wala ya umeme katika Nile, matawi yake na maziwa yanayoulisha mto huo, katika Sudan na nchi zilizokuwa chini ya utawala wa Waingereza, ikiwa kazi hiyo ingepunguza maji yanayofika Misri. Tanganyika ilikuwa miongoni mwa nchi hizo. Mkulima wa Mwanza au Igunga hakuulizwa. Mwaka 1856 alipewa bahari isiyokuwapo. Mwaka 1929 alifungiwa ziwa lililokuwapo. Karatasi zote mbili ziliandikwa na watu ambao hawakuhitaji kuchota maji huku.

Tanganyika huru ilikataa. Mwaka 1962 serikali ya Mwalimu Nyerere iliziarifu Uingereza, Misri na Sudan kwamba haifungwi na makubaliano yale ya 1929. Huo ulikuwa msimamo wa kisheria wenye uzito, na wanafunzi wa sheria za kimataifa bado wanausoma. Hata hivyo msimamo haunyweki. Ilichukua miongo mingi hadi chanzo cha Ihelele, wilayani Misungwi, kuanza kusukuma maji ya ziwa kwenda Shinyanga na Kahama, mradi uliozinduliwa mwaka 2009. Mwaka 2010 Tanzania ilitia saini Mkataba wa Ushirikiano wa Bonde la Nile pale Entebbe, na mkataba huo ukaanza kutumika mwezi Oktoba 2024, ingawa Misri na Sudan hazikuukubali. Katikati ya miaka hiyo, kwa mkopo wa India, bomba liliendelezwa kutoka Solwa kwenda Nzega, Igunga na Tabora. Maji ya Nyanza, ambayo Snay bin Amir aliyaeleza kwa maneno, sasa yanafika Tabora kwa bomba. Mimi ni mkosoaji wa serikali mara kwa mara katika safu hii, lakini asiyeona ukubwa wa jambo hilo hajawahi kubeba dumu.

Kwa nini, basi, bado nina wasiwasi? Kwa sababu nimeiona tena Bahari ya Uniamesi, na safari hii haikuchapishwa Gotha.

Miaka michache iliyopita niliwapeleka wanafunzi wangu katika mafunzo kwa vitendo upande wa Ziba. Tulianzia katika ofisi moja ya umma ambayo sitaitaja, wala sitataja wilaya yake. Ukutani palikuwa na ramani nzuri ya vituo vya maji. Vinavyofanya kazi vilikuwa na alama ya bluu, vibovu alama nyekundu. Nyekundu zilikuwa chache. Tulichagua vijiji vilivyokuwa na bluu nyingi, tukaondoka.

Katika kijiji cha pili tulikuta alama mojawapo ya bluu. Ilikuwa pampu ya mkono isiyo na mpini. Pembeni, katika korongo la mchanga, mama mmoja wa makamo alikuwa amechimba shimo la kina cha kiuno chake na anachota kwa kibuyu, taratibu, akisubiri maji yajikusanye.

"Mwangaluka, mayu," nilimsalimu.

"Mwangaluka, baba. Karibuni."

Nilimwuliza pampu iliharibika lini. Akasimama, akafikiri, akasema, "Mtoto huyu alikuwa hajaanza shule." Mtoto aliyemwonesha alikuwa na sare ya shule ya msingi, imekwisha kufifia.

"Hamkutoa taarifa?"

"Tulitoa. Wakaja vijana na simu, wakapiga picha. Wakauliza, pampu ipo? Tukasema ipo. Wakaandika."

Wanafunzi wangu hawakucheka siku hiyo. Swali lilikuwa "pampu ipo?", na jibu lilikuwa kweli. Pampu ilikuwapo. Mahali fulani kati ya korongo lile na ukuta wa ofisi, kuwapo kwa pampu kuligeuka kuwa kuwapo kwa maji. Kama ilivyokuwa Tanga mwaka 1854, hakuna aliyedanganya. Yule mama alisema kweli, vijana wale waliandika walichoambiwa, na ofisa aliyechapisha ramani alichapisha alichopokea. Nilipozungumza naye baadaye alinieleza, bila ukali, kwamba mafuta ya pikipiki ya kwenda kukagua hutoka mara chache, ilhali ripoti hudaiwa kila robo mwaka. Simlaumu yeye peke yake. Utaratibu unaodai namba kwa wakati, usitoe mafuta ya kwenda kuiona namba hiyo, utapata namba. Utapata bahari kabisa, ukiitaka.

Madhara yake si ya kinadharia. Kijiji chenye alama ya bluu huondolewa katika orodha ya vijiji vyenye uhitaji. Mwaka unaofuata fedha za visima hupelekwa kwingine, na mtu aliyegawa fedha hizo amefanya haki kabisa kulingana na karatasi iliyo mbele yake. Yule mama atazidi kuchimba mchanga, na kila mwaka atakaochimba utahesabiwa kuwa mwaka ambao alikuwa na maji.

Sera yetu ya Maji ya mwaka 2002 ilisema kituo kimoja cha maji vijijini kihudumie watu 250, nao wasitembee zaidi ya mita 400. Ni lengo jema. Lakini katika mikono ya mtu mwenye haraka hugeuka kuwa duara: unaweka nukta, unachora mzingo wa mita 400, na kila aliyemo ndani ya duara anahesabiwa kuwa amepata huduma. Duara halijui kama kuna korongo katikati linalofurika masika. Halijui kama maji hutoka saa nane usiku kwa dakika arobaini. Halijui kama ndoo moja inauzwa kwa bei ambayo mjane mwenye watoto watano hawezi kuilipa kila siku.

Wala sisemi kwamba ramani ni adui. Tunao mfano wetu wenyewe wa ramani iliyosema kweli. Kati ya miaka 2010 na 2013 Wizara ya Maji iliendesha kazi ya kuvitambua vituo vyote vya maji vijijini nchi nzima, watu wakavifikia kimoja kimoja. Matokeo yalikuwa machungu: zaidi ya theluthi moja ya vituo havikuwa vikifanya kazi. Serikali iliyokubali kuupokea ukweli huo ilistahili pongezi, na sehemu ya mageuzi yaliyofuata, pamoja na kuundwa kwa RUWASA kwa sheria ya mwaka 2019, hayaeleweki bila kukumbuka uchungu ule. Shida ni kwamba ramani huzeeka. Pampu iliyotoa maji siku ya kuhesabiwa haikuahidi kutoa maji milele. Ramani ya kweli isipotembelewa tena hugeuka polepole kuwa ya kubuni, na hakuna kengele inayolia siku inapogeuka.

Nina mambo matatu ya kupendekeza, moja kwa kila kundi linalosoma safu hii.

Kwa watumishi wa umma: badilisheni swali. Msiulize kama kituo kipo. Ulizeni jana mlichota wapi, mlisubiri muda gani, mlilipa kiasi gani. Swali hilo haligharimu shilingi zaidi ya lile la kwanza, na ni gumu sana kulijibu kwa namna itakayozaa bahari. Kisha, kabla ya kuipeleka ripoti juu, isomeni katika mkutano wa kijiji. Waacheni watu wa kitongoji hiki na cha kile wasikie kilichoandikwa juu yao, wakiwa pamoja. Huko ndiko kuwakutanisha wajibuji, jambo ambalo Erhardt hakulifanya. Mkiona aibu kuisoma hadharani, mtakuwa mmekwisha kujua kuna nini ndani yake.

Kwa wanaharakati: nanyi mna ramani zenu. Nimesoma taarifa za asasi zilizofika vijiji vitatu na kuzungumza kwa niaba ya mkoa mzima. Hasira ya haki haiwapi ruhusa ya kuunganisha miisho ya njia tatu kwa mstari mmoja. Mkikamatwa na kosa moja, ofisi itatumia kosa hilo kuizika kweli yenu yote.

Kwa wanafunzi: jifunzeni kuandika mahali ujuzi wenu unapoishia. Katika tasnifu ninazosahihisha naona majedwali yaliyojaa hadi pembeni, hakuna kisanduku kitupu. Hunishtua kuliko majedwali yenye mapengo. Ramani za zamani zilizoacha katikati ya Afrika nyeupe zilidharauliwa kwa ujinga wake, lakini weupe ule ulikuwa mkweli kuliko bluu ya mwaka 1856. Mtu akiona nafasi tupu atatuma mtu wa kwenda kuangalia. Akiona bluu atatuma mashua.

Nasikia pampu ile ilipata mpini mwaka uliofuata. Haikuwa kazi yangu wala ya wanafunzi wangu. Wanakijiji walichanga, fundi akaja kwa baiskeli. Katika ramani ya ukutani hakukuwa na badiliko lolote la kuandika, kwa maana alama ilikuwa bluu tangu mwanzo. Kwa hiyo hakuna popote katika kumbukumbu za ofisi ile palipoandikwa kwamba yule mama aliwahi kukaa miaka kadhaa bila maji, wala kwamba jirani zake ndio waliompatia.